UCHAMBUZI: Mwanaraga anapohama mchezo, ni nani humwachia mlango wazi?

MWANARAGA Louis Rees-Zammit alipoaga klabu ya Gloucester na timu ya taifa ya Wales mnamo Januari 2024 ili kujaribu bahati katika soka ya Kimarekani, alikuwa na umri wa miaka 22. Mashabiki wa kwao walimtazama kama mtu aliyeamua kukwea mnazi wa jirani ilhali wake mwenyewe umesheheni madafu. Miezi michache tu kabla ya hapo alikuwa amefunga trai tatu katika mechi moja ya Kombe la Dunia dhidi ya Georgia, na habari za kuondoka kwake zilitangazwa muda mfupi kabla ya kocha Warren Gatland kutaja kikosi cha kunogesha kipute cha Mataifa Sita.

Mwaka mmoja na nusu baadaye alikuwa amekwisha kurejea. Kansas City Chiefs walimsajili Machi 2024 na kumtema mwishoni mwa Agosti mwaka huo huo. Jacksonville Jaguars wakamwokota na kumtia katika kikosi chao cha mazoezi, ila hakuwahi kuwajibishwa katika mechi hata moja ya msimu rasmi wa NFL, ligi kuu ya soka ya Kimarekani. Agosti 2025 akatia saini mkataba na Bristol Bears ya Uingereza, na kabla ya mwaka kuisha alikuwa ameitwa tena na Wales.

Wengi waliandika kwamba kijana huyo alishindwa Marekani. Ni kweli. Kilichopuuzwa ni kwamba alishindwa bila kuporomoka. Alipogeuka nyuma, alikuta klabu zinazolipa mishahara, makocha wanaolijua jina lake, na jezi ya taifa iliyokuwa bado inamtosha. Kwa maoni ya mwandishi huyu, hilo ndilo jambo ambalo wazazi, walimu wa michezo na vijana wa Malindi na Kilifi wanapaswa kulitazama kwa makini, kwa sababu safari hiyo hiyo iliwahi kufanywa na Mkenya zaidi ya miaka kumi kabla ya Rees-Zammit, na huyo hakuwa na bahati ya mlango kama huo.

Daniel Adongo alizaliwa Nairobi mwaka 1989 na kusomea Rift Valley Academy kule Kijabe, shule yenye sifa za tangu jadi katika raga. Akiwa bado kijana mbichi aliyoyomea Afrika Kusini kunoa makali yake. Kutoka huko akavuka hadi New Zealand, alikovalia jezi za Counties Manukau katika misimu ya 2011 na 2012, kisha akarudi Afrika Kusini kujiunga na Southern Kings ya Port Elizabeth. Alikuwa fowadi: pande la mtu, mrefu kuliko kizingiti cha milango mingi ya nyumba zetu za Pwani, na mwenye kasi ambayo haikutarajiwa kwa mwili wa aina hiyo. Mkenya aliyekuwa akipata riziki yake kwa raga ya wachezaji 15 ughaibuni wakati huo alikuwa nadra kama mvua ya Januari.

Mwishoni mwa Julai 2013, Indianapolis Colts walimsajili. Hakuwa amewahi kucheza hata mechi moja ya soka ya Kimarekani maishani mwake. Miezi minne baadaye, mnamo Desemba 1, 2013, aliingia uwanjani dhidi ya Tennessee Titans na kuwa Mkenya wa kwanza kucheza katika NFL. Baada ya hapo mechi zake zilikuwa chache. Majeraha hayakumpa nafasi, mchezo wenyewe haukumngoja aujifunze, na mwishoni mwa 2015 Colts wakampiga kalamu. Hakuonekana tena katika raga ya kiwango alichokuwa amekiacha.

Ni rahisi kulisoma jambo hili kama kisa cha mtu aliyefuata fedha akakosa kote kuwili. Usomaji huo si wa haki. Adongo alifika mahali ambapo hakuna Mkenya mwingine aliyewahi kufika kabla yake, na alifika kwa miezi minne. Rees-Zammit, aliyekuwa na jina kubwa zaidi na mpango maalumu wa kumfundisha, hakufika hapo kwa mwaka mmoja na nusu.

Ugumu wa kuhama hauko mwilini. Anayeutazama mchezo wa Wamarekani kwenye runinga huona mpira wa umbo la yai, watu wenye misuli na makabiliano makali, akadhani ni raga iliyovishwa kofia. Sivyo. Katika raga, mpira huweza kwenda dakika nzima bila kusimama, na mchezaji husoma mchezo unavyobadilika mbele ya macho yake. Mwenye akili ya haraka hufaidi. Katika soka ya Kimarekani, kila shambulizi hudumu sekunde chache tu, kisha kipenga, kisha mpango mwingine. Wachezaji 11 huwa wameambiwa kabla ya mpira kuguswa kila mmoja aende wapi, ageukie nani na kwa hatua ngapi, na mipango hiyo hujaza kitabu kizima cha mbinu kinachopaswa kukaririwa. Anayekosea hatua mbili huharibu kazi ya wenzake kumi.

Kuna na jambo la pili, ambalo ni kinyume kabisa cha mafunzo ya utotoni. Mwanaraga hukatazwa kumzuia mtu asiye na mpira. Akifanya hivyo huadhibiwa. Katika mchezo wa Wamarekani, kumzuia asiye na mpira ndiyo kazi ya karibu nusu ya timu. Basi fikiria mtu wa miaka 23 aliyefundishwa tangu shuleni kwamba jambo fulani ni kosa, anaambiwa ghafla kwamba jambo hilo ndilo litakalompa mkate. Ndiyo maana Adongo alitumiwa zaidi katika vikosi maalumu, vile vinavyoingia mpira unapopigwa mbali kwa mguu. Hapo kazi ni kukimbia mita 50 na kumwangusha aliyeudaka, na hiyo mwanaraga yeyote anaijua.

Waliofaulu wapo. Jordan Mailata, Mwaustralia aliyelelewa katika raga ya wachezaji 13, alichaguliwa na Philadelphia Eagles mwaka 2018 katika raundi ya mwisho kabisa, yaani kama mtu anayeongezwa mizani ijae. Hakucheza mechi yoyote rasmi kwa misimu miwili mizima. Alilipwa, alilishwa, alifundishwa kusimama na kusogeza miguu kama mtoto anayeanza kutembea. Msimu wa 2020 akaanza kucheza, na Februari 2025 alikuwa miongoni mwa nguzo za Eagles walipotwaa ubingwa wa Super Bowl. Kwa upande mwingine yupo Mwingereza Christian Wade, aliyegusa mpira mara ya kwanza katika mechi ya kujipima nguvu ya Buffalo Bills mnamo Agosti 2019 na kukimbia nao yadi 65 hadi mwisho wa uwanja, watu wakasimama vitini, kisha asicheze mechi rasmi hata moja. Lakini tazama alikoangukia Wade: mwaka 2022 alisajiliwa na Racing 92 ya Ufaransa, baadaye akarudi Uingereza, na 2025 akajaribu hata raga ya wachezaji 13 pale Wigan. Kila alikogeuka palikuwa na ofisi ya klabu na mtu wa kumlipa.

Colts hawakumdhulumu Adongo. Walimvumilia zaidi ya misimu miwili. Tofauti ni kile kilichokuwa nyuma yake. Kurudi nyumbani kungekuwa kurudi katika Kenya Cup, ligi ambayo wengi wa wachezaji wake hufanya kazi mchana na kufanya mazoezi jioni. Mabaharia wetu wa zamani walikuja na kaskazi wakijua kwamba kusi itavuma na kuwarejesha. Kijana huyu alisafiri msimu ambao haukuwa na kusi.

Wales wenyewe waliwahi kuishi hali hiyo, tena kwa miaka mia moja. Raga iligawanyika mnamo Agosti 1895, pale klabu za kaskazini mwa Uingereza zilipokutana katika hoteli moja mjini Huddersfield na kujitenga. Chanzo kilikuwa fedha ndogo mno: wachezaji wa viwandani na migodini walitaka wafidiwe mshahara wa siku waliokosa kazi kwa ajili ya mechi, na mabwana wa kusini wakakataa. Upande uliojitenga ukaja kupunguza wachezaji hadi 13 na kulipa wazi. Upande uliobaki ukashikilia kwamba mchezo ni wa ridhaa, na kwamba yeyote atakayepokea malipo ya upande wa pili hatakanyaga tena uwanja wao.

Sheria hiyo iliwaumiza watu wa Wales kuliko wengine, kwa kuwa huko raga haikuwa mchezo wa wana wa matajiri bali wa wachimba makaa na wafanyakazi wa bandari. Mwakilishi wa klabu ya kaskazini alikuja kimyakimya na fedha mkononi, familia ikapokea, kijana akapanda treni, na siku hiyo hiyo akafutwa katika raga ya kwao. Jonathan Davies, mzaliwa wa kijiji cha Trimsaran na mmoja wa wachezaji stadi zaidi wa Wales katika miaka ya 1980, alijiunga na Widnes Januari 1989 na nchi nzima ikaomboleza kana kwamba amefariki. Mnamo 1994 aliifungia Uingereza trai dhidi ya Australia ugani Wembley ambayo hadi leo husimuliwa. Hata hivyo asingeruhusiwa kuichezea tena timu ya kijiji chake, hadi Agosti 1995 ambapo raga ya wachezaji 15 iliporuhusu malipo. Alirejea Cardiff mwaka huo huo, tayari ana miaka 33, akabahatika pia kuivalia tena jezi ya Wales.

Aliyekosa bahati hiyo kabisa ni Billy Boston, na kisa chake kinatugusa zaidi sisi wa mwambao. Alizaliwa 1934 katika mtaa wa Tiger Bay wa Cardiff, mtaa wa bandarini ambako mabaharia Wasomali, Wayemeni na Waafrika wa Magharibi waliweka makazi. Ukiutembelea Mji wa Kale wa Mombasa au mitaa ya zamani ya Malindi karibu na gati, utaelewa ulikuwa mtaa wa namna gani. Babaye alitoka Sierra Leone. Boston alitamani kuichezea Cardiff na Wales, lakini wakati huo hakuna mtu mweusi aliyekuwa amewahi kuchaguliwa Wales, na alielewa bila kuambiwa.

Mnamo 1953 wajumbe wa Wigan walifika nyumbani kwao. Inasimuliwa kwamba mama yake, akitaka kuwafukuza kwa adabu, alitaja pauni 3,000 akiamini hawatathubutu. Waliziweka mezani. Boston akaenda, akafunga trai 571 katika maisha yake ya raga ya wachezaji 13, idadi ambayo hakuna Mwingereza mwingine aliyeikaribia. Hata huko alikohamia hakusalimika na rangi yake: mwaka 1957 timu ya Uingereza ilipotoka Australia na kupitia Afrika Kusini kwa mechi za maonyesho, yeye hakwenda, kwa sababu ya sheria za ubaguzi wa huko. Sanamu yake ilizinduliwa Cardiff mnamo 2023, pamoja na za Clive Sullivan na Gus Risman, wengine wawili wa mji huo waliolazimika kwenda kung'aa kwingine. Juni 2025 akatunukiwa hadhi ya Sir, mtu wa kwanza wa raga ya wachezaji 13 kupewa heshima hiyo. Alikuwa na umri wa miaka 90.

Hapa kwetu tulikuwa na mfano mwema wa kuvuka mipaka ya michezo, na unastahili kutajwa mara nyingi kuliko unavyotajwa. Joe Masiga alikuwa mshambuliaji wa AFC Leopards na Harambee Stars katika miaka ya 1980, na alicheza raga pia na Mean Machine ya Chuo Kikuu cha Nairobi. Hakulazimika kuchagua, kwa vile hakuna mchezo uliomlipa kiasi cha kummiliki, na alikuwa akisomea udaktari wa meno. Soka ilipokwisha, kliniki ilikuwepo.

Sasa tutazame Kilifi. Kaunti hii ya maeneobunge saba ni ya kandanda kwanza; uende Kaloleni, Ganze au Magarini, magoli ya miti utayakuta kabla ya kuikuta zahanati. Raga ni mgeni aliyeingia kupitia shuleni. Kalenda ya michezo ya shule za upili huwapa wanafunzi raga ya wachezaji 15 katika muhula wa kwanza na ile ya wachezaji saba katika muhula wa pili, muhula huo huo wa kandanda na voliboli. Kwa hiyo kijana mwenye mbio hulazimika kuchagua mapema, na mara nyingi anayemchagulia ni mwalimu aliyepungukiwa na mtu kikosini. Huko ndiko kuhama mchezo kunakoanzia, na si Indianapolis.

Uamuzi huo umepata uzito mpya. Kundi la kwanza la Gredi ya 10 liliingia sekondari pevu Januari 2026, na mojawapo ya mikondo mitatu iliyowekwa mbele ya wanafunzi ni wa sanaa na sayansi ya michezo. Ni hatua njema. Ila mtoto wa miaka 15 anayeuchagua mkondo huo huko Marafa anaweka rehani sehemu ya masomo yake kwa ahadi ambayo kaunti yake haijawa na viwanja wala makocha wa kuitimiza. Na wasaka vipaji hawako mbali tena. NFL iliandaa kambi ya kutafuta wachezaji jijini Nairobi mnamo Aprili 2023. Aina ya mchezo huo inayochezwa na watu watano kila upande bila kuangushana, ambapo mpinzani hunyakua kitambaa kilichoning'inia kiunoni, imetiwa katika Michezo ya Olimpiki ya Los Angeles ya 2028, kwa wanaume na wanawake. Mchezo usiohitaji kofia wala vikinga vya mabega unaweza kuchezwa kwenye mchanga wa Mambrui asubuhi ya kesho.

Asiyeamini kwamba mtoto wa hapa anaweza kuhamia mchezo mgeni kabisa na amkumbuke Sabrina Simader, aliyezaliwa Kilifi mwaka 1998 na kubeba bendera ya Kenya katika Olimpiki ya Majira ya Baridi ya Pyeongchang mnamo 2018 kama mtelezaji wa theluji. Alipelekwa Austria akiwa mtoto mdogo, na aliyemfungulia njia ni baba wa kambo aliyekuwa na lifti ya wapanda mlima wa theluji karibu na nyumba. Mzigo wa gharama ukabaki kwa familia na wafadhili wa kuungaunga kwa miaka mingi. Katika michezo iliyofuata ya Beijing 2022, hakuwepo.

Baadhi ya wadau hudai kwamba kuyazungumzia haya ni kuwavunja vijana moyo. Hoja yao si ya kupuuzwa, maana umaskini nao ni mlango uliofungwa, na Adongo au Boston asingekwenda popote kama angengoja uhakika. Tunachosema ni kwamba aliye kijana asiachiwe peke yake kazi ya kupima hatari. Mkataba unaoletwa na wakala unaweza kusomwa na wakili wa kaunti kabla ya mzazi kutia kidole. Mwanafunzi anaweza kuwekewa nafasi yake ya masomo kwa mwaka mmoja au miwili. Chama cha Raga cha Kenya kinaweza kuwa na daftari la wachezaji walioko ughaibuni, wa michezo yote ya kuhamia, na kuwapigia simu kabla ya wao kulazimika kupiga. Hakuna hata moja kati ya hayo linalohitaji uwanja wa mabilioni.

Kwa sasa safari yenyewe huanza karibu zaidi. Kituo kikuu cha raga ya klabu katika Pwani ni Mombasa, ambako Mombasa Sports Club huandaa mashindano ya Driftwood ya wachezaji saba kila upande katika ratiba ya kitaifa. Kutoka mji wa Kilifi ni takriban kilomita 60. Kutoka Malindi ni karibu mara mbili ya hizo. Kijana wa Malindi aliyemaliza shule na anayetaka kufanya mazoezi na klabu jioni tatu kwa wiki anahitaji nauli ya matatu ya kwenda na kurudi, au mjomba wa kumpa pa kulala Kisauni, na chakula cha jioni cha mtu anayetakiwa kufikisha kilo 100. Wengi hujaribu kwa mwezi mmoja, kisha hurudi kwenye kandanda ya mtaani au kwenye bodaboda.